Mianzi ya Mzee Lukasi na Uvimbe wa Kaka

Nilipokuwa mtoto, mianzi ya Mzee Lukasi haikuwa na uzio, wala mbwa wa kuilinda. Ilisimama chini ya nyumba yetu huko Kichiwa, kando ya kijito tulichochota maji, na masika yalipofika kila mwanzi mchanga ulikatwa ncha na kufungiwa mbeta, kile kikopo cha mwanzi kinachokinga ulanzi, maji ya mwanzi yanayochachuka kuwa pombe. Ulanzi ulidondoka humo taratibu, mweupe, mtamu kuliko chai ya sukari, na sukari yenyewe sisi tuliionja Krismasi tu. Mtoto mwenye kiu alihitaji kunyoosha mkono tu. Hatukuunyoosha. Tulipita pale na mitungi vichwani, macho tumeyakaza njiani, kana kwamba hata kuitazama mbeta ni kuonja.

Bibi yangu, mama yake baba, ndiye aliyetufundisha. "Ulanzi wa wizi hautulii tumboni," alikuwa akisema huku akichambua mboga. "Mwanamke humpanda shingoni. Mwanamume humshukia kule chini anakokalia."

Ushahidi tuliuona kila Jumapili. Milimani kwetu akina mama wengi walikuwa na tezi za shingo, na mimi niliimba nyimbo za ibada nikiwahesabu wezi kwa shingo zao. Wale waliovimba kule chini sikuwaona, lakini niliamini wapo, kwa sababu Bibi hakuwa mtu wa kusema ovyo. Leo nikiikumbuka imani ile sicheki. Ilikuwa imani ya watu wenye akili, waliotazama miili ya wenzao, wakatafuta sababu, wakaokota ile iliyokuwa karibu.

Ilikuwa bado zama za Mwingereza. Bendera yake ilipepea bomani Njombe, na upande huo wazungu walikuwa wamepanda miwati vilima kwa vilima. Kaka yangu Zakayo alifanya kazi huko ya kubandua magome ya miti hiyo. Alikaa kambini, na kila mwisho wa mwezi alikuja nyumbani kwa baiskeli, mikono imekuwa ya kahawia kwa utomvu wa magome usiotoka kwa sabuni. Alikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, mrefu, mcheshi, mwenye sauti ya kuongoza kwaya. Mama yetu alikuwa amefariki mimi nikiwa mdogo, kwa hiyo nyumbani tulikuwa Baba, ambaye alikuwa mzee wa kanisa, Bibi, mke wa kaka aitwaye Damari, mtoto wao Tabita aliyekuwa bado ananyonya, na mimi. Damari nilimwita wifi, naye aliniita wifi vivyo hivyo, ingawa nilimfikia kifuani tu.

Mwaka ule, masika yakielekea kwisha, kaka alirudi nyumbani kwa miguu. Baiskeli alisema ameikopesha. Hakwenda kuoga mtoni na vijana wenzake kama desturi. Aliomba maji akaogea nyuma ya nyumba. Ijumaa yeye na wifi walipokwenda shambani kupalilia njegere, mimi niliwafuata nimembeba Tabita mgongoni, nikakaa juu ya tuta kumbembeleza. Walidhani sisikii.

Wifi alisimamisha jembe. "Baba Tabita, kama umepata mwanamke kambini, niambie. Nitalia, halafu nitaendelea kupalilia."

"Hakuna mwanamke."

"Basi kuna nini? Unanikwepa kama mkwe. Ukichuchumaa unashika kiuno. Baiskeli ulikuwa huiachi hata kwenda chooni, leo umeikopesha."

Kaka alitazama kule bondeni, ilikokuwa mianzi. Nilimwona akitazama, na moyo wangu ukashtuka kabla hajafungua mdomo.

"Nimevimba," alisema.

Wifi naye akageuka kutazama bondeni. Hakuna aliyehitaji kutaja jina la Mzee Lukasi.

"Tangu lini?"

"Tangu mavuno ya mwaka jana. Kilianza kama punje ya harage, upande mmoja, kigumu. Hakiumi, Mama Tabita. Hakijawahi kuniuma hata siku moja, ndiyo maana nikakiacha. Sasa kimekuwa kama jiwe. Kuna uzito tu, unavuta mpaka tumbo la chini."

"Na ulikunywa?"

"Kabla ya kipaimara. Tulikuwa wavulana wengi. Kila mtu alipiga funda moja." Alijaribu kucheka, kicheko kikamkatikia. "Wenzangu wote wazima. Mimi peke yangu nimeshikwa."

Sikuwahi kumwona kaka akiogopa. Aliinama akaendelea kupalilia kwa kasi, akizikata njegere pamoja na magugu, mpaka wifi alipomshika mkono.

Kwa desturi zetu, jambo la namna ile kijana hawezi kulipeleka kwa baba yake. Lakini kwa Bibi liliwezekana, kwa kuwa bibi na mjukuu ni watani, na Bibi alikuwa akimwita kaka "mume wangu mdogo" mbele ya watu wote. Jioni ile wifi alimweleza. Bibi hakufanya utani. Alimwita kaka jikoni, akaniamuru nikae na mtoto nje, nami nikakaa palepale nje, sikio kwenye ufito wa ukuta.

"Ukilala chali, kinarudi ndani?"

"Hakirudi, Bibi."

"Ukikibonyeza?"

"Ni kama kubonyeza kokoto. Sisikii maumivu."

"Basi si ngiri," alisema Bibi. "Ngiri naijua. Babu yako alikuwa nayo, akilala inarudi kama panya shimoni. Hiki si ngiri. Ni upande gani? Kulia? Upande ule ulinisumbua tangu ukiwa mchanga. Lilikuwa moja tu limeshuka, jingine limejificha. Nilikukanda kwa maji ya moto, likaja kushuka umeshaanza kuchunga mbuzi. Na wewe hukutosheka na shida hiyo, ukaenda kuongeza ya wizi!"

Uamuzi wake ulikuwa wazi. Mzee Lukasi ndiye aliyefunga, Mzee Lukasi ndiye atakayefungua. Apelekewe kuku, aombwe msamaha, mambo yaishe kimyakimya. Baba asijue. Mzee wa kanisa aliyekuwa akiwakemea walevi mimbarini, mwanawe aonekane ameiba pombe, na aibu yenyewe imekaa mahali pasipotajika!

Kaka alikataa kwenda. Alisema heri afe na kitu chake kuliko kupiga magoti kwa Mzee Lukasi na kesho yake wimbo uimbwe vilabuni. Asubuhi akafunga mzigo wake arudi kambini. Ndipo nilipomwona wifi Damari kwa mara ya kwanza, maana kabla ya hapo nilimwona kama mwanamke mpole tu aliyepika ugali laini. Alisimama mlangoni, hakupiga kelele.

"Wewe huendi popote," alisema. "Ukishindwa kwenda kwa Mzee Lukasi, nitakwenda mimi. Huo mwili si wako peke yako. Nami nimeapishiwa kanisani."

Akamshika jogoo mweupe, akanikabidhi mimi, kwa sababu mke kijana haendi peke yake kwenye nyumba ya mwanamume. Tukateremka.

Mzee Lukasi tulimkuta akinoa kisu chake cha kugemea. Alikuwa mfupi, mwenye mvi kifuani, na mimi nilijificha nyuma ya gauni la wifi nikitetemeka pamoja na jogoo.

"Kamwene, baba," alisema wifi akipiga magoti.

"Kamwene, mwanangu. Jogoo wa nini, na leo si sikukuu?"

Wifi alimweleza. Hakumumunya maneno. Alisema mume wake alikunywa ulanzi wake alipokuwa mvulana, kwamba sasa amevimba, kwamba kitu ni kigumu, hakiumi, kinakua. Kadiri alivyosema, Mzee Lukasi alipunguza kunoa, mwisho akakiweka kisu chini.

"Mrudishe jogoo," alisema.

Wifi alidhani amekataa. Machozi yakamtoka. "Baba, nitaongeza mbuzi. Nitaomba kwetu."

"Sikatai kusamehe, mwanangu. Sina cha kufungua." Alitazama mianzi yake kwa muda, kama mtu anayeaga. "Hakuna dawa kule. Haijawahi kuwapo. Baba yangu alipopanda mianzi ile, alipanda na maneno. Maneno hayo yamenilindia kuliko mbwa."

"Lakini watu wanavimba."

"Watu wanavimba, ndiyo. Na wengine hata hawajanusa ulanzi. Na wanaokunywa, unadhani siwajui? Asubuhi nakuta mbeta imepungua, nasoma nyayo. Za mumeo nilizijua. Za binamu zake nilizijua. Hata za mwalimu wa shule ya Jumapili. Kama mianzi yangu ingevimbisha, mlima huu wote wanaume wangetembea wametanua miguu."

Nilicheka, nikaziba mdomo, jogoo akaniponyoka. Wifi hakucheka. Nilimwona akifikiri, na ninapokumbuka uso wake wakati ule najua alikuwa anapoteza kitu na kupata kingine papo hapo. Kama hakuna kifungo, hakuna cha kufungua, kuku hatoshi. Lakini kama hakuna kifungo, basi ni ugonjwa, na ugonjwa una mahali pake pa kupelekwa.

"Ningeweza kumpokea jogoo huyu," Mzee Lukasi aliendelea. "Nikamtemea mumeo mate kichwani, nikamwambia nenda, umepona. Angerudi kazini anaimba. Na jiwe lake lingeendelea kukua. Mpelekeni hospitali ya misheni, kule Ilembula. Mpelekeni upesi."

"Njoo umwambie wewe," alisema wifi.

"Mwambie wewe, mkewe."

"Nikisema mimi ataona nimebuni ili nimtoe aibu. Baba mkwe akisikia kwangu, atasema nimetumwa na Bibi. Wewe ndiye mwenye mianzi. Njoo useme."

Mzee Lukasi alitabasamu bila furaha. "Mwanangu, unajua unachoniomba? Neno hilo nikilitoa nyumbani kwenu, kesho limefika gulioni. Masika yajayo sitakinga hata tone."

"Najua, baba."

"Unajua, na bado unaomba?"

"Naomba."

Hakutuahidi kitu. Tulipanda kilima, mimi nimemkumbatia jogoo niliyemkimbiza mpaka pumzi ikaniishia.

Kesho yake ilikuwa Jumapili. Baada ya ibada wazee wa kanisa walikuja kwetu kama kawaida, wakakaa uani juani kunywa uji, kwa kuwa jua la kwetu msimu ule ni la kutafutwa. Kaka alikuwa amejikalia pembeni, uso mzito. Mzee Lukasi akaja. Alikuwa amevaa koti lake la mazishi. Baba aliinuka kwa mshangao, maana hawakuwa watu wa kutembeleana; mmoja alihubiri dhidi ya ulanzi, mwingine aliugema.

"Sikuja kukaa," alisema Mzee Lukasi alipoletewa kigoda. "Nimekuja kusema neno, na nalisema mbele ya watu, maana uvumi uliosambazwa hadharani hauondolewi kwa kunong'ona. Mianzi yangu haina dawa. Hakuna mtu aliyepata kuvimba kwa ajili yake, mwanamume wala mwanamke. Aliyevimba ana ugonjwa, akatafute tiba. Asikae nyumbani akiniogopa mimi."

Mzee mmoja wa kanisa alijigusa shingo, sijui kama alijua anafanya hivyo. Bibi alitoka jikoni na mwiko mkononi.

"Kwa hiyo miaka yote hii, Lukasi, umenifanya niwadanganye wajukuu zangu?"

"Ulinilindia mianzi vizuri, mama," alisema kwa heshima. "Ahsante." Akageuka akaondoka.

Baba alikuwa mtu wa polepole. Alimtazama mtoto wake, akamtazama mkwewe aliyesimama wima mlangoni, akamtazama Bibi, na nadhani aliyaunganisha yote bila kuambiwa. Tulisubiri hasira. Aliyoyameza siku ile sijui; alikuwa na sababu ya kuaibika mbele ya wenzake, na wenzake walikuwa wakimtazama. Aliuliza swali moja tu.

"Lori la Makambako linapita saa ngapi kesho?"

Tulikwenda wanne: kaka, wifi, Tabita, na mimi wa kumbeba Tabita. Baba alitusindikiza hadi barabarani akasubiri nasi kwenye ukungu, akamfunga kaka shingoni skafu yake mwenyewe. Lori lilikuwa la Mhindi, limepakia magunia ya viazi. Wifi alimlazimisha dereva amkalishe kaka mbele, kwa kuwa kila mtikisiko ulimfanya aume midomo. Huko nyuma sisi tulilala juu ya magunia.

Makambako ya siku zile ilikuwa maduka machache kwenye njia panda na upepo usiochoka. Hapo kaka alishuka akakaa juu ya jiwe akasema amebadili mawazo. Kulikuwa na gari la kurudi Njombe limesimama palepale, linanguruma.

"Watanikata," alisema. "Wenzangu kambini wamesema, hospitalini wanakata. Nitarudi nikiwa nusu ya mwanamume."

Wifi alikuwa ananyonyesha. Hakuinua hata kichwa. "Mimi naitaka nusu iliyo hai. Mzima aliye kaburini nitamfanyia nini?"

Watu wawili waliokuwa wakisubiri gari walijifanya wanatazama mawingu. Kaka alikaa. Gari la Njombe likaondoka, vumbi lake likatufunika, naye hakuwa ndani yake. Tulipopata gari la barabara ya Mbeya, alipanda wa kwanza.

Hospitalini daktari alikuwa mzungu mwenye Kiswahili cha kuchechemea, na nesi, binti wa Kibena, alimsaidia pale maneno yalipomkwama. Ndipo nilipolisikia kwa mara ya kwanza neno korodani. Nesi alilitamka mchana kweupe, kama mtu anayesema goti au kiwiko, na dunia haikupasuka. Kwetu nyumbani sehemu ile haikuwa na jina la kutamka; ilikuwa "kule" na "pale". Nafikiri mtu hawezi kuomba msaada kwa kitu kisicho na jina.

Daktari aliuliza uvimbe ulianza lini, una maumivu, umekua haraka, mgongo unauma, anakohoa? Kisha akauliza kama alipokuwa mtoto zote mbili zilishuka kwa wakati. Kaka hakujua. Wifi ndiye aliyejibu, alikuwa ameshika kila neno la Bibi: lile la kulia lilijificha, likashuka ameshaanza kuchunga mbuzi. Daktari aliitikia kwa kichwa akatueleza, na nesi akarudia kwa Kibena ili pasibaki shaka. Mwanamume aliyezaliwa hivyo yuko karibu zaidi na ugonjwa huu, inampasa ajichunguze kuliko wengine. Si kosa lake. Si pombe, si baiskeli, si mwanamke, si laana. Ni uvimbe mbaya unaopenda vijana, nao huja bila maumivu.

"Bado kiko mahali pake, nadhani," daktari alisema. "Tukikitoa sasa, tuna tumaini. Tukingoja, sina la kukuahidi."

"Na watoto?" aliuliza kaka. Sauti yake ilikuwa ndogo.

"Ile nyingine ni nzima. Mara nyingi moja hutosha kwa kazi zote."

Nesi alipotafsiri maneno "kazi zote", aliinamisha uso, na wifi Damari akacheka. Kaka alimtazama, kisha akacheka naye. Walicheka mpaka Tabita akalia. Sikuelewa kilichowachekesha, nikacheka pia, kwa kuwa ilikuwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu kumsikia kaka akitoa sauti ile.

Alipasuliwa. Tulikaa kwenye nyumba ya wauguzaji, tukipika uji na maharage pamoja na watu wa Usangu na Wanging'ombe, na kila siku wifi alinituma niende dirishani nimwimbie kaka, kwa kuwa yeye kuimba hakujua. Homa ilimshika, tukaogopa, ikamwachia. Alipoanza kutembea alitembea ameinama kama mvunaji wa ulezi, mkono mmoja begani kwa mkewe. Daktari alimwambia asijione amemaliza. Arudi achunguzwe, na arudi tena, na kila mara ajipapase mwenyewe ile iliyobaki, akimaliza kuoga maji ya moto, polepole, kwa vidole, akitafuta ugumu wowote usiokuwapo jana. Kaka alilishika agizo hilo kama katekisimu. Miaka mingi baadaye, akiwa na watoto wengine watatu baada ya Tabita, bado alikuwa akifunga safari ya Ilembula hata pale madaktari walipomwambia inatosha.

Masika yaliyofuata yalitimia aliyoyasema Mzee Lukasi. Vijana walizimaliza mbeta zake kweupe, wengine wakakata hadi mianzi yenyewe. Hakulalamika kwetu hata mara moja. Kaka alipopata nguvu alikwenda kumjengea uzio wa miti, na Baba, mzee wa kanisa, akatoa nguzo. Hakusema kitu kuhusu pombe.

Lakini kisa kilichombadilisha kaka zaidi kilitokea kambini. Aliporudi kazini hakuwaficha wenzake. Aliwaeleza alichotolewa na kwa nini. Walimcheka, wakampa jina la utani ambalo sitaliandika. Miezi kadhaa ikapita, mwenzake mmoja kutoka Ukinga akamfuata kando, wakiwa miongoni mwa miwati, akamwambia: Zakayo, na mimi ninacho. Alikuwa nacho tangu zamani. Kaka alimchukua siku ileile, akampakia kwenye baiskeli, kisha lori, mpaka hospitali. Walikuwa wamechelewa. Kilikuwa kimeshapanda tumboni na kifuani. Kaka alikwenda naye hadi kwao Ukinga, akamzika.

Alirudi kutoka mazishi yale akaenda moja kwa moja kwa mchungaji, akaomba apewe saa moja na wavulana wa kipaimara. Mchungaji aliposikia somo lenyewe alikataa. Kaka akaja juma lililofuata, na lililofuata, akikaa kwenye benchi nje ya ofisi. Mwisho mchungaji alichoka, akamruhusu, kwa sharti kwamba wasichana watoke. Mimi nilikuwa miongoni mwa wasichana waliotolewa, na kama kawaida yangu sikwenda mbali na dirisha.

Alisimama mbele yao na mikono yake ya kahawia. Aliwaambia neno lile la hospitalini, korodani, akalirudia mpaka walipoacha kucheka na kusukumana. Akawaonyesha kwa ngumi yake jinsi ya kupapasa. Aliwaambia ukiona kitu kigumu, au upande mmoja umekuwa mkubwa au mzito kuliko ulivyouzoea, usimwambie rafiki, usimwambie mganga, usingoje mwezi upite. Mwambie yeyote mwenye nauli, nenda hospitali.

Mvulana mmoja aliinua mkono. "Kaka Zakayo, kilikuuma sana?"

"Hakikuniuma hata kidogo," alisema kaka. "Ndiyo maana nimekuja."

Kaka alizeeka. Alifariki akiwa na wajukuu, kwa maradhi mengine kabisa ya uzee, na wifi Damari akamfuata baada ya muda. Nimewazaa watoto wa kiume mimi mwenyewe, na nimewaambia yote haya wakiona aibu, wakitazama sakafu, wakiniomba niache. Sikuacha. Siku hizi madaktari wanasema ugonjwa huu ukiwahiwa hutibika vizuri kuliko saratani nyingi, na kwamba bado vijana wanakuja wamechelewa, kwa sababu zilezile.

Nimemfikiria sana Bibi. Hakuwa mjinga, wala hakuwa na nia mbaya. Onyo lake lilitungwa kwa kazi moja, kuwazuia watoto wasiibe, na kazi hiyo liliiweza. Kosa lilikuwa kulibebesha kazi ya pili, ya kueleza maradhi, ambayo halikuwa na uwezo nayo. Hofu nzuri inajua mpaka wake. Ile yetu ilivuka mpaka, ikaingia mwilini mwa kaka yangu, ikamnyamazisha tangu mavuno hadi masika, na ingemnyamazisha hadi kaburini kama mwanamke mmoja asingalikataa kunyamaza pamoja naye.